Mdai na Mdaiwa wa Nyumba Moja

Hati mbili za kuitwa mahakamani zilifika nyumbani kwa Alute siku moja, zimeletwa na tarishi mmoja aliyekuwa anaikokota baiskeli yenye pancha. Ya kwanza ilikuwa ya Alute mwenyewe. Kefa alikuwa amemshitaki kwa kuingia kwenye shamba lake na kujenga nyumba humo. Ya pili ilikuwa ya mkewe, Felista, lakini Felista hakuwa ameshitakiwa na mtu. Hati ilimjulisha kwamba madai yake dhidi ya Ignas, mwenyekiti wa kijiji, yangesikilizwa tarehe hiyo hiyo, mbele ya hakimu yule yule.

Alute aliisoma ya kwanza akakunja uso. Ya pili aliisoma mara mbili.

"Hii umekosea nyumba," alimwambia tarishi.

"Felista mke wa Alute, mstari wa tatu, nyumba ya balozi. Si hapa?"

"Ni hapa," Felista alijibu kutoka uani. Aliacha mchi ndani ya kinu, akaja huku anajifuta mikono kwenye khanga. "Niweke wapi dole gumba?"

Tarishi alimwonyesha. Felista akaweka dole gumba. Alute, aliyejua kusoma na kuandika na aliyekuwa balozi wa nyumba kumi, alitia sahihi yake chini ya hati ya kwanza. Tarishi aliomba maji, akanywa, akaondoka na baiskeli yake.

"Mama Raheli," Alute alisema. "Umemshitaki mwenyekiti?"

"Nimedai shamba langu."

"Lini?"

"Siku ile niliyokuaga nakwenda kumwona dada. Niliuza yale majogoo mawili, nikalipa ada."

"Na mimi nikakuambia umsalimie!"

Felista hakucheka, ingawa siku nyingine angecheka. Alirudi kwenye kinu chake.

Ilikuwa Oktoba mwaka 1975, na watu wote wa Unyansuri walikuwa wanaangalia mawingu. Mwaka mmoja nyuma, wakati wa Operesheni, walihamishwa kutoka kwenye kaya zao zilizotawanyika wakapangwa kwenye mistari sita ya nyumba, kila nyumba na ekari yake. Alute ndiye aliyewahimiza watu wa nyumba zake kumi. Alisimama mbele yao akasema mashamba yao ya zamani hakuna atakayeyagusa, kwamba wataendelea kuyalima kutoka kijijini. Aliambiwa hivyo kwenye semina, naye akaamini, akayasema kwa moyo wake wote.

Shamba la zamani la Felista lilikuwa mwendo wa saa nzima kutoka kijijini. Miaka kumi na minane alikuwa amelibebea samadi kwa kikapu kutoka zizini, kila kiangazi, mpaka udongo wake mwekundu ukageuka mweusi. Msimu wa kwanza baada ya kuhama, alipokwenda kupanda, alikuta limeshalimwa. Ignas alisema ni shamba la kijiji sasa. Lakini hakuna mwanakijiji aliyeitwa kulipalilia, na wakati wa mavuno wake wawili wa Ignas ndio waliobeba masuke.

Na ile ekari ya kijijini waliyopewa Alute na Felista, mahali walipojenga nyumba yao ya tembe, ilikuwa shamba la Kefa. Wapimaji walikuta nyumba ya Kefa imekaa katikati ya mstari wa tatu, wakasema inapindisha mstari. Kefa akabomolewa, akapewa kiwanja mwisho wa mstari wa sita, kwenye majabali, hatua mia nne kutoka mahali alipozaliwa.

*

Ignas alimwita Alute kesho yake asubuhi. Ofisi ya kijiji ilikuwa chumba kimoja chenye meza, na nje kulikuwa na benchi ambalo mabalozi hukalia wakisubiri. Alute alipofika, mgambo aliyekuwa mlangoni aliweka bunduki yake ya mbao juu ya benchi kwa urefu, akasema, "Subiri."

Alute alisubiri amesimama. Watu walipita kwenda kisimani na kurudi. Waliokwenda walimsalimia, waliporudi wakamkuta pale pale, wakamsalimia tena. Mzee mmoja alimwuliza kama ameanza kazi ya ulinzi. Jua lilipofika utosini, Alute alichuchumaa chini, na ndipo alipoitwa.

"Ndugu balozi," Ignas alisema bila kunyanyua kichwa kutoka kwenye daftari. "Nyumbani kwako anayesema ni nani?"

"Ni mimi, ndugu mwenyekiti."

"Sivyo nilivyosikia."

Ignas aligeuza ukurasa wa daftari.

"Mkeo ananipeleka mahakamani. Mimi. Mwenyekiti wa kijiji ashindanishwe na mwanamke mbele ya wazee wa baraza, kwa shamba ambalo siyo langu, ni la kijiji. Unajua hiyo inaitwaje? Kupinga Operesheni. Na kupinga Operesheni kukianzia nyumbani kwa balozi, mimi nitaandika nini nikiulizwa?"

"Nitazungumza naye."

Ignas aliweka kalamu chini. Sauti yake ikawa ya upole. "Sikiliza, Alute. Kefa naye amekushitaki. Ana mashahidi, ana kaburi la baba yake pale nyuma ya nyumba yako. Ukisimama peke yako atakushinda. Lakini mimi nikiandika barua kwa muhuri wa kijiji kwamba ekari ile uligawiwa kihalali na kamati, hakimu atasema nini? Basi. Mkeo afute madai yake, nami nitaandika barua. Kila mtu abaki alipo."

"Asante, ndugu mwenyekiti."

"Usinishukuru. Nenda ukaongee na mkeo."

Njiani Alute alikutana na Kefa, amebeba miti ya kujengea begani. Kefa alikuwa amemzidi kwa miaka kumi na zaidi. Alute alisimama pembeni ya njia.

"Shikamoo, kaka Kefa."

Kefa alipita. Hakuitikia. Alute alibaki na salamu yake mdomoni, na aibu hiyo ikamkaa moyoni kuliko ile ya kusubiri juani, kwa kuwa tangu azaliwe hakuwahi kumwamkia mtu mzima akakosa marahaba.

*

"Barua moja tu," Alute alimwambia mkewe walipokuwa wanakula. Binti yao Raheli, mwenye umri wa miaka kumi na mitano, alikuwa ameketi kando na sahani ya mlenda, anasikiliza bila kuinua macho. "Ukifuta, tunabaki na nyumba. Tunabaki na ekari. Uwele wa mwaka jana uliuona mwenyewe, haukuwa mbaya."

"Haukuwa mbaya kwa kuwa kuna samadi ya Kefa."

"Samadi haina jina la mtu."

"Haina?" Felista aliweka tonge chini. "Basi na yangu haina jina. Ignas anasema hivyo hivyo."

"Mama Raheli, usinifunge kwa maneno. Mimi nimesimama juani tangu asubuhi kama mwizi wa kuku. Ninajaribu kuokoa kitu kimoja. Wewe unataka vyote viwili."

"Sitaki vyote viwili. Nataka changu."

"Na tukikosa vyote?"

Felista alijua mume wake si mwoga wa asili. Aliwahi kumwona anamfukuza fisi zizini kwa kuni inayowaka. Lakini fisi haandiki barua, wala haitishi mkutano wa kijiji. Tangu wahamie pale, Alute alikuwa amejifunza kuinamisha shingo, na Felista aliona jinsi ilivyomchosha.

"Wale wa nyumba zako kumi wananiuliza kisimani," alisema hatimaye. "Wananiambia, balozi alituahidi. Wanamwuliza mke kwa kuwa wanaogopa kumwuliza mume. Nikifuta madai niwaambie nini?"

"Waambie nilidanganywa."

"Waambie wewe."

Alute alinawa mikono, akatoka nje akasimama kwenye shamba. Raheli aliuliza kwa sauti ndogo kama watahamishwa tena. Mama yake alimwambia amalizie chakula.

Madai hayakufutwa.

*

Siku ya shauri waliondoka alfajiri, wakafika mahakamani jua limeshapanda. Ilikuwa nyumba ya bati yenye chumba kimoja kikubwa, na dirisha ambalo karani alikaa nyuma yake. Felista alijisogeza dirishani.

"Mume wako yuko wapi?" karani aliuliza.

"Yule pale."

"Mwambie aje."

"Shauri ni langu, mwanangu."

"Mama, ardhi huwa inadaiwa na mwenye kaya. Nani alikuandikia hii?"

"Wewe," Felista alisema. "Mwezi wa nane. Ulikuwa umevaa shati hili hili."

Watu waliokuwa kwenye foleni walicheka. Karani naye alitaka kucheka, akajizuia, akagonga muhuri.

Hakimu Laurenti alikuwa kijana wa mbali, mpole, mwenye miwani. Alikaa na wazee wawili wa baraza, na Kiswahili kilipomshinda shahidi, mmoja wa wazee alitafsiri kutoka Kinyaturu. Alianza na shauri la Kefa. Kefa alieleza kwa kirefu: babu yake alifyeka pori lile, baba yake alijenga zizi, yeye mwenyewe alizaliwa pale na baba yake akazikwa pale. Mkewe, Lea, mwanamke mwembamba aliyekuwa ameketi nyuma amejifunga kaniki, alikuwa anatikisa kichwa kukubali kila neno.

"Mdaiwa," hakimu alisema. "Unasema shamba ni lako?"

Alute alisimama. "Mheshimiwa, nilipewa na kijiji."

"Sikuulizi ulipewa na nani. Nauliza kama ni lako."

"Kamati ilinigawia. Mgao ulihalalishwa. Wakati wa Operesheni mipaka ya zamani ilikwisha."

Aliyasema hayo kama alivyoyasikia kwenye semina, neno kwa neno. Hakimu aliandika. Kisha akageuza karatasi, akachukua jalada la pili, akasoma kimya, akamtazama Alute juu ya miwani yake.

"Felista ni nani yako?"

"Ni mke wangu."

"Naona hapa anadai shamba lake la zamani. Anasema mgao wa kamati haukuondoa haki yake." Hakimu aliyaweka majalada mawili sambamba mezani. "Asubuhi hii hii mume ananiambia mgao unamaliza kila kitu. Mke ataniambia mgao haumalizi chochote. Nyumba moja. Mnataka nimwamini nani?"

Chumba kizima kilicheka, hata mgambo. Ignas, aliyekuwa amekaa mbele kwenye kiti alicholetewa, alicheka kwa muda mrefu zaidi. Alute alitazama chini. Jasho lilimtoka shingoni likalowesha kola ya shati lake la harusi.

"Niseme neno," Felista alisema, akasimama.

"Shauri lako bado, mama."

"Siyo kwenye langu. Kwenye hili la Kefa. Mimi naishi pale. Nimeona."

Hakimu aliwatazama wazee wa baraza. Mmoja aliinua mabega. Felista akaapishwa.

"Tulipohamia," alisema, "tulichimba shimo la choo. Tulikuta samadi ya zamani mpaka hapa." Akaonyesha kiuno. "Chini yake jivu. Pale palikuwa na zizi. Si la jana, la miaka. Kwetu huku udongo ni mwekundu, mheshimiwa. Ukiuona mweusi, ujue kuna mtu aliubeba kichwani. Pale kwa Kefa ni mweusi. Sikuubeba mimi. Mume wangu hakuubeba. Kefa alibeba, na mkewe yule pale, na wazazi wao. Shamba ni lao."

Hakuna aliyecheka. Alute alikuwa amefumba macho.

"Unaelewa unachosema?" hakimu aliuliza. "Nikiandika hivi, mumeo amekwisha kwenye shauri hili."

"Naelewa. Ninachoomba ni kwamba shauri langu likifika ulipime kwa kipimo hicho hicho. Maana na mimi nilibeba."

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Kisha akasikiliza shauri la Felista. Ignas alisema shamba ni la kijiji. Alipoulizwa ni mazao kiasi gani yaliingia ghala la kijiji, alisema hesabu haijakamilika. Felista alileta shahidi mmoja, jirani yake wa zamani, bibi Cecilia, aliyesema alimwona akibeba samadi tangu alipoolewa. Saa nane mchana hakimu alifunga majalada yote mawili.

"Hukumu baada ya wiki mbili. Zote siku moja."

Njiani kurudi Alute alitangulia mbele, hatua ishirini, na hakugeuka mpaka walipofika nyumbani. Hapo ndipo aliposema:

"Ungeniambia walau."

"Ningekuambia ungenizuia."

"Ndiyo," Alute alisema. "Ningekuzuia."

*

Siku ya hukumu mawingu yalikuwa mazito na upepo ulinuka mvua. Kefa alikuwepo na Lea. Ignas hakuja, akamtuma mgambo.

Hakimu Laurenti alisoma hukumu ya Kefa haraka haraka. Mdai amethibitisha kwamba yeye na waliomtangulia walilima na kuishi pale kwa muda mrefu. Ushahidi wa mke wa mdaiwa umeondoa shaka. Kwa hiyo shamba ni la Kefa, na mdaiwa aondoke ndani ya siku thelathini. Lea aliweka mkono mdomoni. Kefa hakutabasamu. Alikaa wima kama mtu aliyebeba mtungi uliojaa.

Felista alivuta pumzi. Kipimo hicho hicho, alijiambia.

Hakimu alichukua jalada la pili. Ndani yake kulikuwa na karatasi mpya iliyopigwa chapa. Aliisogeza, akairudisha, akavua miwani.

"Mama," alisema, "shauri lako sitalitolea hukumu."

"Kwa nini?"

"Imekuja barua kutoka juu. Mashauri yote ya ardhi iliyogawiwa wakati wa Operesheni mahakama isiyasikilize. Yapelekwe kwenye kamati ya kijiji ikayatatue."

Felista alimtazama kana kwamba alikuwa anaongea lugha nyingine. "Kamati ambayo mwenyekiti wake ni Ignas?"

"Kamati ya kijiji."

"Aliyechukua shamba langu ndiye atakayeamua kama amelichukua?"

"Sikuiandika mimi hii barua."

"Na la Kefa?" Sauti yake ilipanda. "La Kefa nalo si la Operesheni? Mbona umelitolea hukumu?"

Hakimu alisugua macho. "La Kefa niliandika hukumu yake Jumatatu, nikatia sahihi. Barua ilifika Jumatano. Lako nilikuwa nimepanga kuliandika Alhamisi."

"Siku tatu."

"Siku tatu, mama."

"Ningejua, ningekuomba uanze na langu."

Hakimu alivaa miwani yake tena. Wazee wa baraza walikuwa wanatazama meza. Ilionekana wazi kwamba kijana yule aliona aibu, na kwamba aibu yake haingemsaidia Felista chochote.

"Una haki ya kukata rufaa mjini," alisema. "Ndani ya siku thelathini. Karani atakupa nakala."

Karani alisema nakala itapigwa chapa wiki ijayo na kutumwa mjini pamoja na jalada, utepe wa mashine umekwisha.

Nje, Kefa alikuwa anakunja karatasi yake mara nne na kuiweka mfuko wa ndani. Alute alimwendea.

"Kaka Kefa. Nipe muda tuvune hata msimu mmoja."

"Hakimu ametaja siku," Kefa alisema. Ilikuwa mara ya kwanza kumjibu tangu mwaka jana. Lea alitaka kusema kitu, akaangalia uso wa mumewe, akanyamaza.

*

Mkutano wa kijiji uliitishwa Jumapili. Ignas alisimama mbele ya watu akasema hakuna atakayehama kwenye mstari, kwa hukumu au bila hukumu. Ramani ya kijiji imepitishwa. Mtu akihama, patabaki pengo, na mistari ya Unyansuri itakuwa kama meno ya mzee. Watu wachache walicheka kwa kuwa walitakiwa kucheka. Kisha akatangaza kwamba nyumba kumi za mstari wa tatu zitachagua balozi mpya, kwa sababu aliyepo ameshindwa kusimamia nyumba yake mwenyewe.

Alute alisikiliza akiwa amesimama nyuma. Alikuwa amekuja na daftari la ubalozi. Alipita katikati ya watu, akaliweka mezani mbele ya Ignas, akarudi. Aliposimama tena karibu na mkewe, Felista aliona mabega yake yameshuka kama ya mtu aliyetua mzigo.

Siku mbili baadaye mvua ilinyesha. Ilianza asubuhi ikapiga mpaka mchana, na ilipokoma, kila kaya ilitoka na jembe. Isipokuwa Felista na Alute, waliobaki wamesimama mlangoni. Mahakama ilikuwa imewaambia waondoke. Mwenyekiti alikuwa amewaambia wasiondoke. Hakuna aliyewaambia kama wanaweza kupanda.

Kefa alikuja mchana huo, ameshika karatasi yake ndani ya mfuko wa plastiki.

"Nimekuja kupanda," alisema.

"Panda," Felista alisema.

Mgambo walimkuta hajafikia tuta la pili. Alitoa karatasi, akawaonyesha muhuri. Kiongozi wao hakujua kusoma, au alisema hajui. Walimchukua mpaka ofisi ya kijiji, na Kefa akafungiwa huko siku mbili kwa kosa la kupinga Operesheni, akiwa na hukumu ya mahakama mfukoni. Alute alikwenda kumpelekea uji. Mgambo aliupokea, akaunywa yeye.

Siku ya pili asubuhi Lea alikuja peke yake. Alibeba kibuyu cha mbegu. Alisimama kwenye ukingo wa shamba, pale lilipokuwa jiko lake zamani, akamwita Felista.

"Udongo unakauka," alisema.

"Nauona."

"Yeye akitoka leo au kesho, atasema tusubiri tena. Au wale watasema. Mvua haisubiri." Lea alihamishia kibuyu mkono wa pili. "Kule kwenye majabali nilipanda mwaka jana. Nilivuna debe moja. Wajukuu wangu wanne."

"Ukipanda hapa watakuchukua kama mumeo."

"Wakikuta napanda mimi, ndiyo. Wakikuta unapanda wewe, watasema nini? Wewe ndiye waliyekugawia." Lea alimtazama usoni kwa mara ya kwanza. "Ulisema kweli kule. Mbele ya watu. Nilisikia."

Felista alimwita Alute, na Alute akaja na majembe matatu. Raheli akafuata. Walianza kwenye kona ya kaburi, wakaiacha kona yenyewe. Alute alifungua mashimo, wanawake wakatia mbegu na kufukia kwa mguu, na mgambo aliyepita njiani aliwaona mke na mume wanalima ekari yao na mwanamke mmoja anayewasaidia, akapita. Mpaka jioni walikuwa wamemaliza. Hakuna aliyezungumza juu ya mavuno, kwa kuwa wote walijua hesabu: nusu ya ekari haitoshi kaya moja, na kaya zilikuwa mbili.

*

Kefa aliachiwa kesho yake. Alikuja moja kwa moja shambani, ndevu zimeota, karatasi bado ndani ya plastiki. Aliona mashimo yamefukiwa, akajua.

"Nani amepanda humu?"

"Sisi," Alute alisema. "Pamoja na Lea."

"Nani ametoa ruhusa?"

"Mimi," Lea alisema.

"Hukumu ina jina lako?" Kefa alimgeukia mkewe. "Unajua watasema nini sasa? Watasema nimekubali. Watasema nimewaachia. Siku nikirudi mahakamani hakimu ataniuliza, mbona ulilima nao? Mmeniharibia. Karatasi hii mmeifanya ya kufungia chumvi!"

Huenda alikuwa anasema kweli. Alipiga hatua mpaka tuta la kwanza, akainama kama anayetaka kufukua. Kidole chake kiliingia kwenye udongo mweusi, kikatoka na punje moja ya uwele iliyokuwa imeanza kuvimba. Aliishika muda mrefu.

"Nilishinda," alisema. Sauti ilikuwa ya mtoto.

"Ulishinda," Felista alisema. "Nilikuwepo."

Kefa alirudisha punje shimoni, akaifukia. Kisha akaenda kukaa kwenye kona ya kaburi, amewapa wote wanne mgongo, na hakuzungumza na mtu mpaka Lea alipomwita waende nyumbani.

Jumatatu Felista alidandia lori la pamba lililokuwa linakwenda mjini, kuulizia jalada lake la rufaa. Alute alikwenda naye. Karani wa mjini alitafuta kwenye rafu mbili, akasema halijafika, labda bado linapigwa chapa. Waliuliza litafika lini. Hakujua. Siku zilizobaki zilikuwa ishirini.

Walirudi kwa miguu, kwa kuwa lori lilikuwa limeondoka. Walipita karibu na shamba lao la zamani. Wake wa Ignas walikuwa wanapanda, wameshafika katikati. Mmoja wao alinyanyuka akawasalimia, na Felista akaitikia salamu, kisha akasimama. Alute alidhani anataka kulia au kutukana, akamshika mkono.

"Niache," Felista alisema. "Nahesabu matuta. Mjini wataniuliza ukubwa wake."

Akahesabu mpaka mwisho, akarudia kuhakikisha. Jumatatu iliyofuata wakaenda tena.